Akaunti Moja, Watu Watano

Jumatatu asubuhi, kabla sijanywa hata chai, niliarifiwa kwamba mimi ni watu watano.

Taarifa yenyewe ilikuwa imebandikwa kwenye ukurasa wangu, ndani ya kisanduku chenye ukingo mwekundu. Ilisema: "Kifutio, kuna sababu za kuamini kwamba wewe ndiye unayeendesha akaunti nyingine nne ili kuongeza sauti katika mjadala wa kufuta ukurasa. Una hadi Ijumaa kujieleza. Ukishindwa, akaunti zote tano zitafungwa." Chini yake kulikuwa na jina la msimamizi: Bawabu.

Kifutio ndiye mimi. Nilijipa jina hilo siku niliyojiunga na wiki, nikiwa bado chuoni, kwa sababu kazi niliyoipenda ilikuwa kufuta makosa madogo ya watu bila wao kuona aibu. Kama hujawahi kuingia humo, wiki yetu ni kamusi elezo ya mtandaoni isiyo na mwenyewe. Yeyote anaandika, yeyote anarekebisha alichoandika mwenzake, na kila ukurasa una chumba cha nyuma, yaani ukurasa wa majadiliano, ambako wahariri wanabishana kuhusu kitu ambacho msomaji wa mbele atadhani kimeandikwa na mtu mmoja aliyelala vizuri. Humo nimeandika habari za madaraja, za mende, za namna sabuni inavyotengenezwa. Watu nisiowajua wamenishukuru. Tangu nimalize chuo nimetuma maombi ya kazi hadi nikaanza kuiota sentensi ya "tutawasiliana nawe", na wiki ndiyo mahali pekee paliponiambia "umetusaidia, endelea". Akaunti ikifungwa kwa udanganyifu, alama nyekundu inabaki kwenye jina hilo daima. Mtu atakayefungua historia ya ukurasa wa mende atakuta uliandikwa na tapeli.

Kwa hiyo chai ilipoa.

Kosa lenyewe lilianza na upendo, na upendo ulianza na Bibi.

Bibi, mama yake Mama, aliendesha kwa miaka mingi shule ya kupiga chapa katika chumba cha mbele cha nyumba yake. Mashine zilipangwa kwenye meza ndefu, wanafunzi wakafungwa vitambaa machoni wasizitazame herufi, naye akapita nyuma yao na rula ambayo hakuwahi kumchapa mtu, ila aliigonga mezani kuwahesabia mapigo. Watoto wake watatu walipita humo: Mama, Mjomba na Mama Mdogo. Hata Baba alipita, ingawa alikuwa fundi bomba na hakuwa na haja yoyote ya kupiga chapa. Alijiandikisha kwa sababu ya msichana aliyekaa karibu na dirisha. Kompyuta zilipoingia, shule ikafa. Chumba ni kilekile. Sasa ni duka la Mjomba la kuchapa na kutoa kopi, na mimi nakaa kwenye kompyuta ya pili, natia vitambulisho vya watu plastiki na kuwachapia barua za kuomba kazi kwa huruma ya mtu anayejua.

Mwezi uliopita niliandika kwenye wiki ukurasa kuhusu shule hiyo. Ulikuwa mfupi, wenye adabu, usio na sifa nyingi. Bibi aliposikia, aliutangaza kliniki, sokoni na kwa fundi viatu. "Nimeingia kwenye kitabu cha dunia," aliwaambia. Bawabu naye akauona, akauwekea tangazo: hauna chanzo huru hata kimoja, unapendekezwa kufutwa, wahariri watoe hoja.

Watoe hoja. Hawakuambiwa wapige kura. Hilo ndilo ambalo ningepaswa kulieleza nyumbani siku ile tuliyokula pamoja. Badala yake nilisema tu, "Kuna mtu anataka kuufuta ukurasa wa Bibi," kisha nikaomba nipitishiwe maji.

Mama Mdogo aliweka kijiko chini. "Anaitwa nani?"

Mama Mdogo ni katibu muhtasi katika ofisi kubwa, na ana blogu iitwayo Bosi Yuko Kikaoni. Anasimulia humo vituko vya kazini bila kumtaja mtu, na bosi wake mwenyewe huisoma na kucheka bila kujitambua. Blogu hiyo ni ukumbi wake. Wasomaji wakiingia wanasalimiana kwanza, wanaulizana hali za watoto, wanamwita "dada mkubwa", ndipo wanagusia alichoandika. Siku moja mtu asiyejulikana alimwambia hajui kuandika. Kufikia jioni wasomaji walikuwa wamefurika kumtetea, hadi yule mtu akaomba radhi, na leo hii hakosi kupita kila Jumamosi. Kwa Mama Mdogo, mtandao ndivyo unavyokwenda: mwenzako akiguswa, unajitokeza. Usipojitokeza, umemtupa.

Basi akajitokeza, na akawatoa na wengine.

Aliandika maneno mazuri, akayatuma kwenye kundi la familia, ambalo mimi nilikuwa nimelizima sauti kwa sababu ya picha za maua za Baba. Jumapili, mimi nikiwa nimetoka, wote wakakusanyika dukani kwa Mjomba. Kila mmoja akafunguliwa akaunti kwenye kompyuta yangu, kila mmoja akabandika. Nilipoufungua ukurasa wa majadiliano Jumatatu nilikuta hivi:

"Ukurasa huu ubaki.  Shule hii ilikuwa nguzo ya jamii na mwandishi wake ni kijana mwaminifu.  Ahsanteni kwa kutusikiliza. -o-"

Huyo alikuwa Mama. Chini yake:

"Huu ukurasa ubaki.  Shule hii ilikuwa nguzo ya jamii na mwandishi wake ni kijana mwaminifu.  Ahsanteni kwa kutusikiliza. -o-"

Mjomba. Mama Mdogo mwenyewe alikuwa ameongeza salamu kwa watoto wa Bawabu. Na mwisho kabisa, Baba:

"Shemeji wewe badilisha neno la kwanza tu wasijue.  Ukurasa huu ubaki.  Shule hii ilikuwa nguzo ya jamii..."

Alikuwa amebandika mpaka maelekezo.

Bawabu hakuwa mjinga. Akaunti nne, aliandika, zimezaliwa siku moja kwenye anwani moja ya mtandao, ambayo ndiyo anayotumia Kifutio kila siku. Maneno ni yaleyale. Halafu akaongeza jambo lililonisimamisha nywele: "Ukifungua maandishi yao ghafi utaona wote wanaacha nafasi mbili baada ya nukta, na wote wanamalizia kwa alama -o-. Hii si desturi ya wiki. Mhariri mwingine ninayemjua mwenye tabia hiyo ni mmoja tu. Kifutio."

Nikavitazama vidole vyangu. Ilikuwa kweli, na sikuwa najua. Ni kama kuambiwa kwamba ukipanda ngazi huwa unaanza na mguu wa kushoto.

Nilimjibu kwa lugha ya wiki, ambayo ni lugha iliyopigwa pasi. "Naheshimu wasiwasi uliotolewa.  Akaunti zilizotajwa ni za watu wa familia yangu, waliotenda kwa nia njema bila kuufahamu utaratibu." Nikaisoma, nikaona iko safi, nikaituma. Iliondoka na -o- yake mkiani kabla sijaviwahi vidole.

Jibu halikuchelewa. "Kila mwenye vikaragosi, yaani akaunti bandia, husema ni ndugu zake."

"Kwa hiyo kikaragosi ni mimi?" alisema Mama Mdogo. Alikuwa amepita dukani saa ya mapumziko, na viatu vya ofisini na hasira ya nyumbani. "Mimi, na mwili wote huu?"

"Mama Mdogo, kule hawahesabu watu. Wanapima hoja. Watu watano wakisema kitu kimoja, hiyo ni hoja moja."

"Na mtu mmoja akisema peke yake?"

"Ni hoja moja vilevile."

"Basi kuna faida gani kuwa na ndugu?"

Nyuma ya mashine ya kopi, Mjomba alicheka hadi akakohoa. "Profesa," aliniambia, ndivyo anavyoniita tangu siku ya mahafali, "waambie waje wanione. Kikaragosi gani ana kitambi?"

"Hawaji, Mjomba. Kule hakuna anayemwona mwenzake. Wanaona maneno tu."

"Hata sauti hawasikii?"

"Hata."

"Mtu akikwambia neno, hujui kama anatania au ana kisirani?"

"Hujui. Unakisia kwamba ana nia njema, ndiyo kanuni."

Mjomba akanionea huruma waziwazi. "Pole, mpwa wangu. Kumbe unaishi mahali pabaya namna hiyo."

"Si pabaya!" Nilisema kwa nguvu kuliko nilivyokusudia, hata mteja aliyekuwa akisubiri kopi zake akageuka. "Kule niliwahi kumrekebisha daktari, akanishukuru. Hakuniuliza nina miaka mingapi, wala kama nina kazi. Kule hakuna anayeuliza wewe ni mtoto wa nani. Ndiyo maana nilipapenda."

Mashine ya kopi iliendelea kutema karatasi. Mama Mdogo alinitazama.

"Kumbe," alisema taratibu. "Na sisi tulikuja kuwaonyesha wewe ni mtoto wa nani."

Akachukua mkoba wake, akaondoka. Nilitaka kumkimbilia, lakini ningemwambia nini? Nilichosema kilikuwa kweli. Kilikuwa kweli na kilikuwa kibaya, na sikuwa nimejua kwamba kitu kimoja kinaweza kuwa vyote viwili. Jioni niliandika kwenye kundi la familia nikiwaomba wasiandike tena chochote kule. Baba alijibu kwa picha ya ua.

Jumatano Bibi akaja mwenyewe dukani, kilemba kimefungwa kwa ajili ya safari ingawa nyumba yake ndiyo hiyohiyo, ni kuzunguka tu kutoka mlango wa nyuma.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mke mwenzangu. Nasikia umekuwa wengi."

Hapendi kusoma kwenye kioo cha kompyuta, anasema kinamkodolea macho. Alimwagiza Mjomba amchapie mjadala wote, akakalia kiti cha wateja, akatoa kalamu nyekundu kwenye pochi, akaanza kusoma kama anayesahihisha mtihani. Mara anazungushia neno, mara anatikisa kichwa.

"Huyu Bawabu anaandika vizuri," alisema. "Sentensi fupi, hana matusi. Nafasi moja tu baada ya nukta, lakini hayo ni malezi." Akafunua karatasi. "He! Na mkwe wangu huyu! Hajabadilika. Nikimpa zoezi, 'Nakili aya ifuatayo mara tatu,' basi na yeye anaanza: nakili aya ifuatayo mara tatu. Nikasema huyu ama ni mtiifu kupita kiasi, ama akili yake iko dirishani."

"Ilikuwa dirishani," alisema Mjomba.

"Bibi," nikamuuliza, "ulipotufundisha kuchapa, wanao na mimi, hii alama ya mwisho ilikuwa ya nini?"

"Karatasi zilikuwa zikichanganyika. Mkubwa anasoma barua, hajui kama imeisha au kipande kimebaki mezani kwa karani, anapiga kelele jengo zima. Nikawaambia wanangu: mtu ukitoka chumbani, unafunga mlango. Piga -o-, ajue umetoka." Alinitazama juu ya miwani. "Kwani imekosa nini?"

"Anasema ni ushahidi kwamba sisi sote ni mtu mmoja."

"Mtu mmoja ndiye aliyefundisha, hilo kaona sawa. Na waliofundishwa? Wanafunzi wangu wote wamekufa?"

Nilisimama na kitambulisho cha mteja nusu kikiwa ndani ya mashine ya plastiki, mpaka mwenyewe akapiga ukelele.

Nilikuwa nimeiona alama ile mahali. Zamani kidogo, nilipokuwa nikisafisha ukurasa wa saa za ukutani, nilikaa kwenye majadiliano yake kuliko ilivyohitajika, kwa sababu nilijisikia niko nyumbani, na sikujiuliza kwa nini. Wiki haifuti kitu: kila neno lililowahi kuandikwa limo kwenye historia ya ukurasa. Ila chombo chake cha kutafutia hakitambui alama, kinatambua maneno tu, kwa hiyo ilinibidi nirudie kwa macho kurasa nilizowahi kupita, kati ya mteja na mteja. Saa za ukutani. Ufugaji wa nyuki. Kodi. Mhariri aitwaye Fundi Saa alikuwa amemwonya mtu, nikiwa mimi bado shule ya msingi na sijawahi kugusa kompyuta: "Usiilazimishe springi.  Itakatika. -o-" Kwenye nyuki kulikuwa na mwingine. Kwenye kodi, wa tatu, mpole na mwenye maneno mengi. Miaka yote hiyo nilikuwa nimepishana nao. Sikuwa nimewaona kuwa wageni, ndiyo maana sikuwa nimewaona kabisa.

Nikamwekea Bawabu viungo vya kurasa zote tatu, bila maneno mengi. Kisha nikafungua ukurasa wa Fundi Saa kumwandikia. Hakuwa ameandika chochote tangu mwaka jana. Nilianza, "Napenda kuulizia kuhusu desturi yako ya uandishi," nikaisoma, nikasikia inavyogonga kama mlango wa ofisi. Nikaifuta yote. Nikajiuliza Mama Mdogo angeanzaje.

"Shikamoo.  Samahani kwa kukuingilia.  Mimi ni mjukuu wa mwalimu wa chapa, yule wa rula asiyemchapa mtu.  Nimeona unavyofunga mlango ukimaliza kuandika.  Je, ulipita katika chumba chetu cha mbele?  Nyumbani hawajambo? -o-"

Safari hii ile -o- niliipiga kwa makusudi.

Alhamisi, Mjomba akausoma ukurasa wenyewe kwa mara ya kwanza. Alikuwa ameutetea siku nne bila kuusoma. Ndani yake kulikuwa na sentensi niliyopewa na Mama: kwamba masomo yaliwahi kusimama baada ya mwanafunzi kuiangusha mashine kubwa. Niliporudi kutoka kununua wino wa printa, yeye alikuwa amekwishakaa kwenye kompyuta yangu, na mjadala wa Bawabu ulikuwa unaonekana hivi:

"Napinga sentensi ya nne.  Mashine haikuangushwa.  Ilianguka. -o-"

Mama, kutoka kwenye simu yake: "Ilianguka ikiwa begani kwa nani? -o-"

"Dada, mambo ya nyumbani tusiyalete mbele za watu. -o-"

"Wewe ndiye uliyeyaleta.  Nani aliibeba ile mashine kuwaonyesha wasichana misuli? -o-"

"Niliibeba kuipeleka kivulini. -o-"

"Ndani ya nyumba?  Kivuli gani kingine ulikuwa unakitafuta? -o-"

Baba: "Mimi nilikuwepo.  Sikuona vizuri. -o-"

Mama: "Ungeonaje, na shingo imeelekea dirishani? -o-"

Baba: "Sikuwa naangalia dirisha.  Nilikuwa naangalia aliyekaa dirishani. -o-"

Mama Mdogo: "Jamani, watu wanatusoma! -o-"

Na kweli walikuwa wanatusoma. Mhariri mmoja wa mambo ya hali ya hewa, ambaye hajawahi kuandika neno lisilo na takwimu, alikuwa ameweka mstari wake chini: "Tafadhali endeleeni."

"Mjomba," nilisema, "niliwaomba."

"Lakini, Profesa, wameandika uongo!"

"Nimeandika mimi!"

"Basi ungeniuliza."

Nilijifunika uso kwa pakiti ya wino. Niliiaga moyoni akaunti yangu, nikaaga mende na madaraja. Siku nzima sikuufungua tena ukurasa ule. Nilitia vitambulisho plastiki, na kila sura iliyopita mikononi mwangu niliiona ina bahati: picha moja, jina moja, mtu mmoja.

Ijumaa asubuhi niliufungua kama mtu anayefungua barua ya matokeo, kwa jicho moja. Chini kabisa ya ugomvi wa familia yangu kulikuwa na maandishi mapya.

"Nilikuwepo.  Mashine aliiangusha kaka mtu, na mimi nilimsaidia kuokota herufi sakafuni.  Aliniomba nisiseme, lakini sasa nadhani muda umepita.  Huyo aliyebandika maelekezo bila shaka ni yule fundi bomba.  Alikuwa hivyohivyo.  Namsalimu sana.  Mimi nilifuata ufundi saa, mbali na huko, lakini vidole vyangu bado ni vya chumba kile.  Mwalimu yu hai?  -o-"

Hayo maneno mawili na neno dogo katikati, mwalimu yu hai, ndiyo yaliyonitoa machozi dukani mbele ya mtu aliyekuja kutoa kopi ya hati ya kiwanja. Akadhani ni ya kwake ina tatizo.

Bawabu alikuwa amekwishaandika hukumu yake.

"Akaunti ya Fundi Saa ni ya zamani kuliko ya Kifutio na inatumika mahali pengine kabisa. Nimekagua na wale wengine wawili. Ni vivyo hivyo. Zaidi ya hayo, katika kazi hii nimewaona vikaragosi wengi wakikubaliana. Sijawahi kuwaona wakisutana. Tuhuma nimeiondoa, na alama yake nimeifuta. Kifutio, samahani. Kuhusu ukurasa: kumbukumbu za familia na za wanafunzi, hata ziwe tamu, si chanzo kilichochapishwa. Unaondolewa, na maandishi yake yanahamishiwa kwenye eneo lako binafsi mpaka chanzo kipatikane. Suala la nani aliiangusha mashine naiachia familia."

Nilisoma mara mbili. Nilikuwa mimi tena, mtu mmoja. Na ajabu ni kwamba nilikubaliana naye hadi mwisho. Ingekuwa ni bibi wa mtu mwingine, ningeandika hivyohivyo. Lakini aliyekuwa akinisubiri nyumba ya nyuma na kilemba chake alikuwa Bibi yangu, naye alikuwa amekwishamwambia fundi viatu.

Saa ya mapumziko nilikwenda ofisini kwa Mama Mdogo. Sikuwahi kumwona akiwa kazini. Alikuwa nyuma ya meza ya mapokezi, simu mbili mbele yake, mgongo umenyooka kama bado kuna mtu anapita nyuma na rula.

"Bosi yuko kikaoni," alisema bila kuinua kichwa.

"Nimekuja kwako."

Akainua kichwa. Hakutabasamu, lakini alisogeza simu moja pembeni.

"Mama Mdogo, siku ile dukani nilisema vibaya. Tena nilikosea. Nimeokolewa na kuwa mtoto wa nani."

"Nimesoma," alisema. "Nimemsoma na yule wa saa. Kijana wa watu, kamuanika kaka hadharani." Mdomo ulianza kumcheza. "Siku ile alituambia ni paka."

"Ukurasa wameuondoa."

"Hee! Baada ya yote hayo?"

"Hauna chanzo. Ndiyo kanuni, na ni kanuni nzuri. Bila hiyo kila mtu angejiandikia lolote. Nimekuja kuomba ukumbi. Kwako mtu akitaka kuingia anahitaji nini?"

Mama Mdogo akavuta kibodi karibu yake.

"Kwangu?" alisema. "Anahitaji salamu."

Habari ya shule ilitoka Jumamosi kwenye Bosi Yuko Kikaoni, kichwa chake "Mwalimu Yu Hai". Tuliiandika wote, yaani Mama Mdogo aliandika na sisi tukamwingilia. Mimi niliomba tuondoe maneno "nguzo ya jamii", nikashinda. Mjomba aliomba tuondoe mashine, akashindwa. Kufikia adhuhuri ukumbi ulikuwa umejaa. Waliingia makarani wastaafu, mhasibu mmoja, mama anayefuga nyuki, mwanasheria aliyesema kwamba hata leo akisaini mkataba mkono unataka kupiga -o-. Kila mmoja alisalimia, akauliza watoto, akafunga mlango wake. Mmoja alisema anadhani ana gazeti la zamani lenye picha ya mahafali yao, limetandikwa chini ya sanduku, na akilipata atalipiga picha. Nilimwomba kwa unyenyekevu asisahau tarehe na jina la gazeti. Mama Mdogo akanifinya. "Mwulize kwanza kaamkaje!"

Nikamwuliza kaamkaje.

Jioni, Mjomba alimchapia Bibi maoni yote. Bibi alisoma kwa kalamu yake nyekundu, akiwaita waandishi kwa majina ya utoto wao, huyu alikuwa analala, huyu alikuwa na vidole vizito, huyu jamani, kumbe naye ana wajukuu. Kuhusu kitabu cha dunia hakuuliza. Alipofika karatasi ya mwisho akasimama.

"Huyu simkumbuki."

Nikachungulia begani kwake. Yalikuwa maandishi mafupi: "Habari za hapa. Nimepita tu kusalimia. Watoto hawajambo? Mwalimu, hongera. -o-" Jina lake: Bawabu.

"Bibi, huyu ndiye aliyenishtaki."

"Ndiye huyu?" Alisogeza karatasi karibu na taa, akapima kwa ncha ya kalamu uwazi baada ya kila nukta. "Nafasi moja. Tena. Na tena." Alifika mwisho wa mstari, akatulia pale. "Lakini amefunga mlango."

Akaandika pembeni, kwa mwandiko wake ulionyooka, saba kwa kumi, akanipa karatasi.

"Mwandikie," alisema. "Mwambie ameanza vizuri. Kesho arudi, nitampa zoezi la pili."